Sisi Wanne Tulioingia Kazini Siku Moja

Tulipomzika Papa Kambale, hakuna mtu aliyesema neno kwa niaba ya ofisi yetu. Padri alikuwa amemaliza lake, mzee wa ukoo aliyefika kutoka Butembo kwa njia ndefu na ya hatari alikuwa amesema, hata jirani waliyegombana naye juu ya mpaka wa kiwanja alikuwa amesema na kulia. Kisha mwongozaji akainua kipaza sauti na kuita, “Sasa doyen wa ofisi apite mbele, atuelezee marehemu alikuwa mutu wa namna gani kazini.” Tulikuwa watatu, tumesimama pamoja kando ya ukuta wa mawe meusi: mimi, Mama Sifa na Bahati. Hakuna aliyesogea. Mwongozaji akaita tena, akidhani hatukusikia. Watu wakaanza kugeuza shingo. Bahati alikuwa akitazama viatu vyake. Mama Sifa alinishika mkono, sijui kunisukuma au kunizuia. Mwisho mwongozaji akasema, “Haya, labda doyen hakufika,” akaita wanakwaya, na sanduku likainuliwa.

Katika ofisi zetu za Goma, doyen ni yule aliyeanza kazi kabla ya wengine. Si lazima awe mkubwa wa cheo wala wa umri. Ni yeye anayekumbuka ofisi ilikuwa wapi zamani, na mtu akifa, ni yeye anayesimama kusema. Shida yetu ni kwamba kwa karatasi za serikali sisi watatu, pamoja na yule aliyelala ndani ya sanduku, tuliingia kazini siku moja: Jumatatu moja ya mwezi wa tatu. Siku hiyo ni yangu. Mimi ndiye niliyeingia kweli Jumatatu hiyo, nikiwa nimevaa viatu vya kuazima. Papa Kambale alikuwa ameianza kazi ile wakati mimi bado nasoma shule ya msingi. Bahati alimkuta, Mama Sifa akawakuta wote wawili, mimi nikaja wa mwisho. Namna sisi wote tulivyopewa siku yangu, na yaliyofuata, ndiyo habari ya mwaka ule, na tangu mazishi sijaweza kuiacha.

Ofisi ilikuwa nyumba ya mbao huko Keshero, imepangwa kwa mtu binafsi, imesimama juu ya mawe ya volkeno ambayo hakuna aliyejisumbua kuyasawazisha, kwa hiyo sakafu ilipanda kidogo ulipotoka chumba cha mbele kwenda cha nyuma. Kazi yetu ilikuwa kukagua mizani. Muuza nyama, muuza viazi, mnunuzi wa kahawa, kila aliyepima kitu na kukiuza, tulimfikia na mawe ya chuma ya serikali, tukayaweka juu ya mizani yake tuone kama inasema ukweli. Chumba cha mbele walingoja wafanyabiashara, mizani zao magotini kama watoto wagonjwa. Cha katikati kilikuwa cha Chef, mtu pekee aliyekuwa mfanyakazi wa kudumu kati yetu, mpole, mwenye kifua kibovu. Kikohozi chake kilituambia kila asubuhi kwamba amefika. Cha nyuma kilikuwa cha mawe ya chuma, na mimi. Ukuta kati yangu na Chef ulikuwa ubao mmoja uliopasuka, na tangu wiki ya kwanza nilijua mambo mengi kuliko umri wangu wa kazi ulivyoruhusu. Sikuwa natega sikio. Sauti zilikuja zenyewe, nami nilikuwa na tabia, ambayo bado ninayo, ya kuyapanga niliyosikia kwa utaratibu: nani alisema, nani alinyamaza.

Sote wanne tulikuwa vibarua. Neno la ofisini lilikuwa journalier, mtu wa siku kwa siku, hata kama siku zake zimefika miaka. Mshahara ulitoka wakati Chef alipoweza kuutoa. Lakini kulikuwa na utaratibu mmoja ambao haukuwahi kuchelewa, nao ulikuwa chakula cha saa sita. Mama Sifa alikuwa kibarua kama sisi, alikagua mizani za wanawake wa soko kwa sababu wanaume waliogopa midomo yao, lakini pia alikuwa na mbabula yake, jiko la makaa, nyuma ya nyumba, na ndiye aliyepika. Fufu moja kubwa ya unga wa muhogo katika sahani moja, sombe ya majani ya muhogo au maharagi, na siku nzuri sambaza, dagaa wa ziwani, zilizokaangwa mpaka zikalia menoni. Siku yangu ya kwanza niliketi kwenye jiwe, nikanawa, nikapeleka mkono. Mama Sifa akaupiga kwa mwiko, si kwa nguvu.

“Ngoja, mama. Hapa mukono iko na zamu yake.”

Zamu yenyewe ilikuwa hivi. Papa Kambale alikata tonge la kwanza, kwa sababu ndiye doyen. Akafuata Bahati, kisha Mama Sifa, kisha mimi. Lakini hakuna aliyetia tonge mdomoni kabla wa mwisho hajakata lake. Papa Kambale alikaa na tonge lake kiganjani, mvuke ukimchoma, akingoja mimi nikate, na ndipo aliposema, “Sasa tule.” Alikuwa mtu mfupi, mabega mapana kwa kubeba vyuma, na kofia ya sufu ambayo hakuivua hata jua likiwaka. Nilimwuliza Mama Sifa kwa nini anayekata wa kwanza anangoja wa mwisho. Akaniambia ni yeye muzee aliyeleta desturi hiyo, kwamba zamani, wakati ofisi ikiwa mahali pengine, kulikuwa na doyen aliyekata wa kwanza na kula wa kwanza, na wa mwisho alikuta sahani tupu. Huyo wa mwisho alikuwa Kambale.

Bahati alitoka milima ya Masisi. Alikuwa mrefu, mwenye diploma ya miaka mitatu ya chuo, na ulimi usiolala. Alimwita Papa Kambale “Doyen” kwa heshima, kisha akamtania kwa heshima hiyohiyo. Watu wa Butembo huwapa watoto majina kwa kufuata zamu ya kuzaliwa, na Kambale ni jina la mtoto wa kiume wa pili. Bahati hakuchoka na jambo hilo.

“Doyen, unaitwa Kambale. Hata tumboni kwa mama yako ulikuwa wa pili. Hapa nani alikupa nafasi ya kwanza?”

“Wa kwanza, Paluku, alibakia kulima vitunguu,” alijibu muzee. “Mimi ndiye nilikuja kukungojea wewe, petit wangu, mudogo wangu, juu usipotee muji.”

Tulicheka kila mara, hata Chef alicheka na kukohoa nyuma ya ubao wake. Nakumbuka kicheko kile vizuri kwa sababu baadaye nilisikia utani uleule, maneno yaleyale, mahali ambapo hakuna aliyecheka.

Kazi ya nje tulikwenda wawili wawili, na mara nyingi nilipangwa na muzee. Tulifunga mawe ya chuma juu ya chukudu, baiskeli ile ya mbao ya kubebea mizigo, kijana wa kukodi akaisukuma, sisi tukafuata kwa miguu mpaka Munigi, vumbi jeusi likiingia puani. Sokoni walimpigia kelele kabla hatujafika. “Serikali iko nakuja! Ficheni mizani!” Naye akajibu, “Muifiche wapi? Mimi najua hata kwenye munalala.” Alipima bila haraka. Mizani ikidanganya, hakumwambia mwenye nayo mbele ya wateja. Alimwita kando, akamwonyesha, akamwachia siku za kuitengeneza. Njiani kurudi alizungumza juu ya jambo moja tu, siku ambayo serikali ingemtambua. Hakutaka utajiri. Alitaka namba ya kudumu, na baada yake, akichoka, pensheni ya kumlisha yeye na Mama Kavira, mkewe. “Miaka yangu yote iko pale,” alisema. “Haiwezi kupotea. Batu banaiona.”

Ujumbe wa Kinshasa, mission kama tulivyouita, ulikuja wakati wa mvua. Kwa muda mrefu tulikuwa tumesikia kwamba vibarua wa serikali wataingizwa katika kazi ya kudumu, tukazoea kusikia. Kisha asubuhi moja akaingia kijana mmoja mwenye shati jeupe na viatu ambavyo mawe yetu yalivihuzunisha. Alizungumza Kifaransa na Kilingala, Kiswahili kidogo. Aliketi kwa Chef, nami nilikuwa nyuma ya ubao nikisugua vyuma. Nilimsikia akieleza. Kila ofisi itapeleka dossier moja, faili la vibarua wake. Ndani ya dossier moja, tarehe moja ya kuanza kazi kwa vibarua wote. Zikiwa tarehe mbalimbali, dossier itarudishwa kuhakikiwa.

“Ihakikiwe wapi?” Chef aliuliza.

“Kinshasa.”

Chef akacheka kicheko kidogo kisicho na furaha. Sote tulijua maana yake. Karatasi iliyokwenda Kinshasa kuhakikiwa ilikuwa kama mtu aliyekwenda kuchimba dhahabu porini. Wengine walirudi, lakini hukupanga maisha yako juu ya kurudi kwao. Sijui mpaka leo kama sheria ile ilikuwepo mahali popote, au kijana yule aliitunga ili kupunguza kazi yake. Hakuna aliyemwuliza aionyeshe. Alikuwa na ndege ya mchana.

Chef akatoka akatukusanya nyuma, kando ya mbabula. Fufu ilikuwa tayari, Mama Sifa ameifunika. Chef alieleza kwa sauti ya mtu anayetangaza ugonjwa. Tarehe moja haiwezi kuwa kabla ya siku aliyoingia Furaha, yaani mimi, kwa sababu kabla ya hapo Furaha hakuwepo na kila mtu Keshero anajua. Kwa hiyo njia ni mbili. Ama wote waandikwe siku ya Furaha, ama Furaha aachwe nje, na wengine watatu wachukue siku ya Mama Sifa, ambayo ni ya zamani zaidi. “Mimi sitaamua,” Chef alisema. “Ni miaka yenu.”

Nilikuwa nimesimama karibu na mlango. Nilikuwa na miezi michache tu ya kazi. Hakuna aliyenitazama, na kutotazamwa kule nilikusikia mwilini.

Bahati alisema kwanza, kitu ambacho hakuwahi kufanya mbele ya muzee. “Ma Furaha iko kijana. Angojee mission ingine. Doyen, sikia, siko nasema mubaya. Hii tarehe tukiichukua, kesho itatukamata.”

“Mission ingine itakuya lini?” Mama Sifa akauliza.

“Najua mimi?”

“Basi sema unamufukuza.”

“Simufukuzi! Nasema angojee!”

Papa Kambale alikuwa ameketi, kofia imeshuka mpaka nyusi. Akafunua sahani, akakata tonge lake, akalishika. Akamwonyesha Bahati kwa kidevu, naye Bahati, kwa mazoea, akakata. Mama Sifa akakata. Kisha wote wakaniangalia, na nikaelewa kwamba wananingoja. Nikaja, nikakata.

“Mutu anakula na siye katika sahani moja,” muzee alisema, “tutamuandika inje namna gani? Tuandikwe pamoja. Mimi kila mutu ananijua. Nani Goma atasema Kambale alianza kazi juzi?” Akatia tonge mdomoni. “Chef, andika.”

Nimeyageuza maneno yale mara nyingi. Mwanzoni niliyaona kama wema tu, na yalikuwa wema. Bila hayo nisingekuwa na kazi niliyoifanya maisha yangu yote. Lakini sasa naona pia kwamba muzee alifanya kosa ambalo mtu wa sahani yetu pekee angeweza kulifanya. Aliamini kwamba kungoja wa mwisho hakumwondolei wa kwanza nafasi yake. Kwenye fufu ilikuwa kweli. Alingoja kila siku, na kila siku alibaki doyen. Hakuona kwa nini serikali iwe tofauti.

Barua ya waziri ilifika kabla ya mwaka kwisha, jambo lililotushangaza kuliko yaliyomo. Sote wanne tulikuwa wafanyakazi wa kudumu, kila mmoja na namba yake, wote tangu Jumatatu ile. Mama Sifa alinunua kuku wawili. Majirani walikuja. Papa Kambale alikata tonge la kwanza, akangoja, akasema “Sasa tule,” na sauti ikamkatika, tukajifanya hatukusikia. Siku hiyo Mama Kavira alikuja na binti zake na kitambaa kipya kichwani. Alinikumbatia akaniambia, “Siku yako ina baraka, mwana wangu. Ndiyo imetuingiza siye wote.”

Kifua cha Chef kilizidi kuwa kibaya, akaenda kupumzika kwao, na hakurudi kazini. Kiti chake kikabaki wazi. Kanuni ilikuwa inajulikana: mkubwa akiondoka, mwenye ancienneté zaidi, yaani aliyekaa kazini siku nyingi zaidi, anashika nafasi mpaka atajwe mwingine. Papa Kambale alikuja Jumatatu iliyofuata amevaa koti. Alifungua chumba cha katikati, akafuta meza, akaketi. Hakufanya kiburi, aliketi kama mtu anayejaribu kiti cha kinyozi. Mchana Bahati akaingia. Nilikuwa nyuma ya ubao.

“Uko nafanya nini hapa, collègue?”

Neno hilo nililisikia kabla sijasikia swali. Tangu nilipofika hakuwahi kumwita hivyo. Collègue ni mtu mliye sawa.

“Nakalia kiti,” muzee alisema.

“Kwa karatasi gani?”

“Petit wangu, wewe unajua nani alikukuta hapa na nani ulimukuta.”

“Mimi najua. Karatasi haijui. Nilikwambia siku ile, ukakata fufu. Kwa karatasi tuko sawa, mimi, wewe, Mama Sifa, hata huyu mutoto wa nyuma ya ubao anatusikia. Tukiwa sawa, wataangalia masomo. Mimi niko na diploma. Wewe uko na nini?”

Nilisikia muzee akisogeza kiti. Itakuwa rahisi kwa msomaji kumchukia Bahati, na mwaka ule mimi nilimchukia kabisa. Lakini alikuwa mtu aliyekaa wa pili miaka mingi, aliyesema mapema kwamba tarehe itatukamata, na sasa tarehe ilipokamata aliona hakuna sababu akamatwe yeye. Mama Sifa naye alikuwa na hoja yake. Alisema kama tuko sawa, basi umri uamue, na kwa umri alimzidi Bahati, na hakuna aliyejua kwa hakika kama hakumzidi na muzee. Alisema akicheka, lakini aliirudia kesho yake bila kucheka.

Kwenye sahani ndiko desturi yetu ilikovunjika. Siku moja, mvua ikigonga mabati, tuliketi ndani kwa sababu nje kulikuwa maji. Mama Sifa aliweka sahani. Papa Kambale alikuwa akinawa, anakausha vidole polepole kama desturi yake. Bahati akapeleka mkono, akakata. Akatia mdomoni. Akatafuna. Sote tulilitazama koo lake likimeza. Alikuwa amekwisha kufanya, na nadhani hata yeye alishtuka, kwa sababu hakukata la pili.

“Kula basi, collègue,” alisema, bila kumtazama.

Papa Kambale alikausha kidole cha mwisho. “Mimi nimeshiba,” akasema, akachukua kofia yake, akatoka kwenye mvua. Mama Sifa alimwambia Bahati neno la Kihunde ambalo sitaliandika. Aliijua lugha ya kwao Bahati vizuri kuliko Bahati alivyodhani. Kisha akainua sahani nzima, na fufu, na sombe, akaimwaga kwa kuku wa jirani. Tangu siku ile hatukula tena pamoja. Mbabula ilibaki nyuma ya nyumba, majivu yake yakilowa. Kila mtu alikuja na chake katika mfuko, muhindi wa kuchemsha, mkate, akala akiwa amegeukia ukuta.

Muzee alipeleka shauri kwa mkubwa wa mkoa. Alikwenda na mashahidi aliokuwa nao: wanawake wawili wauza viazi, wafanyabiashara wa barabara ya Kibumba, waliovaa vitenge vyao vya Jumapili. Mimi niliitwa pia, na Bahati. Chumba kilikuwa na zulia na saa iliyosimama. Mmoja wa wale wanawake, mnene, asiyeogopa mtu, alisimama bila kuambiwa.

“Muheshimiwa, huyu muzee alipima mizani yangu nikiwa na mimba ya huyu.” Akamwonyesha binti aliyekuwa naye, mwenye mtoto mgongoni. “Angalia huyu, naye ameshazaa! Sasa munasema alianza kazi mwaka huu? Alikuwa akipima na nini, na macho?”

Watu walicheka. Mkubwa wa mkoa alicheka pia, hakuwa mtu mbaya. “Mama, nakuamini. Lakini mimba haiko karatasi ya serikali.” Akamgeukia muzee. “Papa, hii tarehe ulikubali wewe mwenyewe?”

“Nilikubali.”

“Mutu alikulazimisha?”

“Hapana. Nilikubali tuingie pamoja.”

“Basi mumeingia pamoja.” Alifungua mikono. “Mimi nitafanya nini? Mimi nasoma yenye waziri aliandika. Mutu wa kubadilisha ni waziri, na waziri iko Kinshasa.”

Hapo ndipo Bahati alipojaribu kupunguza uzito wa chumba. Akasema, kwa sauti yake ya zamani, “Muheshimiwa, hata jina lake ni la wa pili. Kambale! Tangu tumboni.” Alitazama upande wa muzee, nami niliona, nina hakika niliona, kwamba alikuwa akingoja lile jibu la Paluku na vitunguu. Kama lingekuja, labda wangetoka pale pamoja. Halikuja. Papa Kambale alikuwa akitazama saa iliyosimama.

Wiki chache baadaye walituletea mkubwa mwingine, mtu wa kutoka Bukavu, ambaye hakujua hata mmoja wetu na hakutaka kujua. Aliziba ufa wa ubao kwa gazeti. Kwa hiyo kiti hakikuenda kwa muzee, wala kwa diploma, wala kwa umri. Tuligombana mwaka mzima juu ya kitu ambacho hakuna aliyekipata, kisha tukafanya kazi pamoja miaka mingine mingi, tukisalimiana vizuri kila asubuhi. Nilijaribu mara moja kumpelekea muzee fufu niliyoipika mwenyewe. Alinishukuru, akaiweka juu ya jiwe la chuma. Jioni niliikuta palepale.

Alifanya kazi mpaka magoti yakakataa, kisha akaomba kupumzika. Dossier yake ya pensheni ilirudi: miaka haitoshi. Walimhesabia kuanzia Jumatatu yangu. Akaomba irekebishwe, na karatasi zilikuwa bado ziko njiani wakati hali tunayoijua wote, ile ya vita, ilipoingia mjini, benki zikafungwa, ndege zikaacha kutua. Alikufa mwaka huu, kitandani, kwa presha, bila kelele.

Baada ya mazishi tulirudi kwenye kiwanja chake hukohuko Keshero. Wapishi wa matanga walitugawia kwa makundi, na kwa kuwa tulikuwa watu wa ofisi moja walituwekea watatu sahani moja: fufu, na sambaza juu ya sombe. Tulinawa. Bahati sasa ni mzee, meno ya mbele hana, diploma yake haikumfikisha mbali kuliko chumba cha mbele. Mama Kavira akaja akaketi nasi, kitambaa cheusi kichwani, akatoa karatasi kutoka kifuani. Mtu mmoja anayejua mambo ya Kinshasa alimwambia kuna njia. Mjane anaweza kudai ile miaka ya kibarua, kwa sharti moja. Ashuhudie kwa mkono wake mfanyakazi wa ofisi hiyohiyo aliyemtangulia marehemu kazini.

“Nilifikiri,” Mama Kavira alisema, “ni mumoja kati yenu.”

Mama Sifa akasema taratibu kwamba wote tulimkuta. Chef wetu wa zamani, aliyemwona akianza, alikufa siku nyingi, na yule doyen wa zamani aliyekula wa kwanza hakuna kati yetu aliyemjua hata jina. Na kwa karatasi hakuna aliyetangulia, wala aliyefuata.

“Mimi nitasema nilimukuta,” Bahati alisema. “Nitasema mbele ya mutu yeyote. Nilimukuta pale, iko anapima. Alinionyesha kazi.”

“Hawataki mwenye alimukuta, papa,” Mama Kavira alisema. “Banataka mwenye alimutangulia.”

Fufu ilikuwa inaanza kukauka juu, ngozi ile ngumu inayotokea ikiachwa. Hakuna aliyepeleka mkono. Bahati akaisogeza sahani kidogo upande wangu.

“Tarehe ni yako, Ma Furaha,” alisema. “Kata wewe.”

Sikuweza. Nilimsogezea Mama Sifa, Mama Sifa akamsogezea Bahati, na mwisho Mama Sifa akaifunika kwa sahani nyingine, akasema tutakula nyumbani. Karatasi ya Mama Kavira nilikuja nayo, ili nitafute ushauri. Nimezungukia ofisi zilizobaki wazi, nimeuliza wastaafu, nimeuliza hata kule Munigi sokoni. Jumatatu iliyopita alinipigia simu, akaniuliza kama tumempata mtu aliyemtangulia mume wake. Nikamwambia bado tunatafuta.